Safari bila kifo wala harusi

Nilipomwambia Mama kwamba likizo hii tutapanda gari sote, tupite Likasi, Bunkeya na Kolwezi, aliacha kutwanga sombe, akaniangalia, akauliza: «Nani amekufa?»

Nikamjibu kwamba hakuna aliyekufa. «Basi nani anaoa?» Hakuna anayeoa. Akashika tena mchi wake, akasema kwamba watoto wa siku hizi wana pesa za kutupa.

Ndugu wasomaji, swali la Mama si la kuchekwa. Katika familia nyingi za Lubumbashi tunasafiri kwa sababu nne: kilio, harusi, ugonjwa na biashara. Tunaondoka usiku, tunafika tumechoka, tunalia au tunacheza, tunarudi kesho yake. Ukiuliza mtu ameona nini njiani, atakuambia ameona mashimo ya barabara na mizigo ya malori. Mimi mwenyewe nimefika Likasi mara sita kabla ya safari hii, na mara zote sita nilikuwa nimevaa nguo za matanga.

Maoni yangu ni kwamba kila familia ya kwetu inayoweza kupata gari kwa siku chache, hata la kuazima, ifanye walau mara moja safari ya polepole katika miji na vijiji vilivyoizaa, bila kifo wala harusi. Nasema pia kwamba kwa sisi wanafunzi wa lugha jambo hili si anasa. Ni kazi ambayo tumechelewa kuifanya. Lakini safari hiyo ipangwe vizuri, na mpango mzuri si ule tunaoudhania. Nimejifunza hivyo kwa kukosea.

Mpango wa kwanza ulitoka kwa kaka yangu mkubwa, Yaya, ambaye ndiye dereva wetu na ndiye mwenye kuazima gari. Alichora barabara kwenye karatasi ya daftari. Siku ya kwanza: kutoka saa kumi na moja alfajiri, Likasi, ambako ni kilomita zipatazo 120, kutazama mji kwa saa mbili, kisha kaskazini hadi Bunkeya, kulala huko. Siku ya pili: Bunkeya asubuhi, Fungurume kupita tu, Kolwezi mchana, ziwa jioni. Siku ya tatu: kilomita karibu 300 za kurudi Lubumbashi bila kusimama. Ndani ya gari: Baba, ambaye amezaliwa mwaka 1949 na magoti yake hayapendi kukunjwa, Mama, Yaya na mke wake, watoto wao watatu, na mimi, kitinda mimba, pamoja na daftari langu la utafiti.

Nilishangilia mpango huo. Nakiri. Nilikuwa na sababu yangu: Bunkeya. Kila mwanafunzi wa kitivo chetu amesikia habari za Msiri, mtoto wa wafanyabiashara wa Unyamwezi, katika nchi ambayo leo ni Tanzania, aliyekuja kufuata shaba, akakaa, akawa mtawala wa Garanganze. Mji wake Bunkeya ulijulikana hadi pwani zote mbili za Afrika. Mmisionari Frederick Stanley Arnot aliufikia mwaka 1886 akitokea upande wa Angola. Msafara wa kapteni Stairs uliufikia katikati ya Desemba 1891 ukitokea pwani ya mashariki, na tarehe 20 mwezi huohuo Msiri akapigwa risasi na Omer Bodson, ambaye naye aliuawa palepale. Nilitaka kusimama mahali hapo. Nilitaka kusikia majina ya Kinyamwezi katika vinywa vya Bayeke wa leo. Kwa hiyo Yaya aliposema «siku tatu zinatosha», sikuuliza zinamtosha nani.

Tulitoka saa mbili asubuhi badala ya saa kumi na moja, kwa sababu watoto wana viatu na viatu hupotea. Yaya alikuwa amekwisha kununa kabla hatujavuka mipaka ya mji. Tulilipa peyage, tukajipanga nyuma ya malori ya shaba, na kwa saa nzima hakuna aliyezungumza. Ilikuwa Julai, baridi ya asubuhi bado ilikuwa kwenye vioo, majani ya miombo yamekauka, moshi wa makala unapanda porini. Tulipita watu wa baiskeli wanaosukuma magunia ya makala marefu kuliko wao wenyewe. Tulipita vichuguu vikubwa kama nyumba. Yule mtoto wa kati, mwenye miaka tisa, aliuliza kwa Kifaransa nani amejenga vilima hivyo. Yaya akamwambia akae kimya, baba anaendesha.

Hapo Baba aliomba tusimame. Alisema magoti yanamuuma. Tukasimama karibu na Luisha, mahali ambapo wanawake wanauza viazi vitamu na mahindi ya kuchoma. Baba akateremka, akamshika mjukuu wake mkono, akamwonyesha kichuguu, akamweleza kwa Kiswahili kwamba wajenzi ni wadudu, na kwamba udongo wa wadudu hao ndio uliofinyangiwa matofali ya nyumba nyingi za Lubumbashi. Mtoto akauliza: «Na nyumba yetu, Kambo?» «Na nyumba yenu.» Mazungumzo hayo yalichukua dakika ishirini. Yaya alikuwa akitazama saa. Mimi pia nilikuwa nikitazama saa, nikihesabu kilomita za kwenda Bunkeya.

Tulipoingia Likasi, Baba akasema tusipite mjini, tuelekee Panda.

Likasi ni mji ambao tunaupita tu kama mlango wa kwenda Kolwezi, na hilo ni kosa. Ulikua kwa ajili ya shaba katika miaka ya mwanzo ya karne iliyopita, ukaitwa Jadotville kwa jina la Jean Jadot, mkubwa wa makampuni ya Kibelgiji, na jina lake la leo likarudi mwaka 1966, mwaka uleule ambao Élisabethville iliitwa Lubumbashi. Una miti, una nyumba za matofali zenye baraza, una vilima pande zote. Na una mitaa iliyozaliwa kutokana na viwanda: Panda, Shituru, na Kikula yenye watu wengi. Katika miaka ya 1920, Union Minière ilipochoka kubadilisha wafanyakazi kila baada ya miezi michache, iliamua kuwakalisha na wake zao na watoto wao, ikajenga kambi, ikaleta watu kutoka Kasai, Maniema, Ruanda na Urundi. Watu hao hawakuwa na lugha moja. Kiswahili cha Katanga, hiki ambacho wengine wanakiita kibovu, kilikua katika kambi hizo: kwenye foleni ya posho, kisimani, shuleni, katika ugomvi wa watoto.

Hayo nilikuwa nimeyasoma. Nilikuwa nimesoma kazi za Johannes Fabian juu ya Kiswahili na utawala wa kikoloni, nikapata alama nzuri. Baba alikuwa amezaliwa ndani ya habari hiyo, na katika miaka yote niliyokaa naye nyumba moja sikuwahi kumuuliza.

Nyumba yake haikuwapo. Palikuwa na nyumba nyingine, yenye ukuta na geti la bluu. Mwembe tu ndio uliobaki. Baba alisimama mbele ya geti hilo muda mrefu, kisha akasema: «Hapa njo palikuwa kwetu.» Mwenye nyumba, mama wa makamo, alitoka kuona ni watu gani hao wanaotazama geti lake. Baada ya salamu na maelezo akasema, «Baba, ingieni, mulete kiti», ingawa viti vilikuwa vyake. Tukaketi chini ya mwembe. Hatukuondoka hapo hadi jua lilipotaka kuzama.

Baba alizungumza. Wanaomjua wanajua kwamba yeye si mtu wa maneno. Alionyesha upande ambao ving'ora vya kiwanda vilikuwa vikilia. Alieleza jinsi posho ilivyogawanywa, jinsi mama yake alivyopima unga kwa kikombe kilekile kila siku ili ufike mwisho wa juma. Alieleza Septemba 1961, alipokuwa na miaka kumi na miwili, askari wa Ireland zaidi ya 150 wa Umoja wa Mataifa walipozingirwa na majeshi ya Katanga nje ya mji. Kuna filamu ya mwaka 2016 inayosimulia vita hivyo. Ilipigwa Afrika Kusini, na ndani yake askari wanapigana, wanaishiwa maji, wanajisalimisha. Katika hadithi ya Baba hakuna askari hata mmoja. Kuna watoto waliolazwa chini ya kitanda, na mama aliyetoka kutafuta unga akachelewa kurudi.

Kisha akasema kwamba siku ile changachanga mwenyewe alipita nyumba kwa nyumba. Mjukuu wake wa kike, yule mwenye miaka kumi na mitatu, akauliza: «Changachanga ni nini?»

Sote tukanyamaza. Yaya hakujua. Mke wake hakujua. Na mimi, ninayeandika kazi yangu ya mwisho juu ya msamiati wa Kiswahili cha migodi, nilikuwa nimekutana na neno hilo mara moja katika kitabu, nikalipita. Baba akacheka. «Changachanga njo mukubwa wa kambi. Alikuwa anachanganya batu.» Mkubwa wa kambi aliitwa mchanganyaji, kwa kuwa ndiye aliyewachanganya watu wa kila kabila katika safu moja ya nyumba. Jina lote la siasa ya kampuni, lililotungwa na wale waliochanganywa, lilikuwa katika kinywa cha baba yangu, na katika nyumba yetu lilikuwa karibu kufa naye.

Sasa niseme ukweli kuhusu jioni ile. Yaya alitaka tuondoke. Alisema Bunkeya haitatungoja, gari ni la kuazima, mpango ni mpango. Baba akajibu kwa sauti ya chini: «Miye siende tena leo.» Nilikuwa upande wa Yaya. Nilisema hata neno ambalo mtoto hamwambii baba yake, kwamba tumekuja kwa ajili ya historia na si kwa ajili ya mwembe. Mama alinitazama tu. Tulilala Likasi, katika nyumba ya wageni isiyo na maji, na kesho yake Baba akataka kurudi Panda tena, kisha Kikula kumtafuta rafiki yake wa shule. Rafiki alikuwa hai. Siku ya pili ikaisha hivyo. Siku ya tatu tukarudi Lubumbashi. Bunkeya hatukuiona. Fungurume na Kolwezi hatukuziona.

Kwa wiki mbili nilisema kwamba safari iliharibika. Sasa nasema kwamba kilichoharibika ni karatasi ya Yaya, na karatasi hiyo ilistahili kuharibika. Ilihesabu kilomita bila kuhesabu magoti ya mzee. Ilipanga mahali pa kulala bila kupanga mahali pa kuketi.

Najua yatakayosemwa. La kwanza: haya ni mambo ya Wazungu, watalii wenye kofia. Jibu langu ni kwamba kusafiri polepole ni kwetu. Misafara iliyotoka Unyamwezi kufuata shaba ilikwenda kwa miguu, ikapiga kambi, ikapumzika, ikaoa, ikalima. Katika kupumzika huko ndimo lugha ziliposhikana mikono. Kama babu zao Bayeke wangalisafiri kwa mtindo wa Yaya, wangalifika, wangalinunua shaba, wangalirudi, na pasingalikuwa na Bunkeya.

La pili: pesa. Hili ni zito na silifanyii mzaha. Mafuta ni ghali, peyage inalipwa kwenda na kurudi, na vizuizi vya njiani kila mtu anavijua. Lakini safari yetu ya mji mmoja iligharimu kidogo kuliko ile ya miji mitatu. Ukipunguza miji, unapunguza mafuta. Na asiye na gari anaweza kuanza nyumbani. Mtu wa Ruashi aende na bibi yake hadi Kamalondo, waketi, amuulize nani aliishi wapi. Mji huu ulianzishwa mwaka 1910, mwaka ambao reli ilifika. Hauna miaka mingi kiasi cha kushindwa kuulizwa. Mwaka 1965 André Yav aliandika kwa Kiswahili historia ya Élisabethville kwa ajili ya chama cha watumishi wa zamani wa nyumbani, na kazi hiyo inasomwa leo katika vyuo vya mbali. Aliandika aliyoyasikia kwa wazee, kwa lugha ya mji wake.

La tatu ni lile lililosemwa na mwenzangu mmoja wa darasa: kwa nini kuwapeleka watoto katika miji ya maumivu? Kolwezi ni vita vya 1978 na askari wa miavuli. Shinkolobwe, jirani ya Likasi, ni madini ya urani yaliyoingia katika mabomu ya Japani. Bunkeya ni mfalme aliyeuawa. Je, hiyo ni likizo? Nami najibu kwamba watoto wetu wanaishi tayari ndani ya habari hizo, ila wanazipata kwa kelele za mtaani au hawazipati kabisa. Ni afadhali wazipate chini ya mti, wamekula, mzee akiwa ameshika mkono wao. Mtoto wa miaka tisa hakuogopa habari za 1961. Aliuliza kama yule mama alipata unga. Alipata.

Kwa hiyo, kwa yeyote anayefikiria safari kama hiyo katika kiangazi kijacho, natoa ushauri wa mtu aliyekosea. Chagua mji mmoja kwa siku mbili, si miji mitatu. Usiendeshe zaidi ya saa tatu kwa siku, wala usiendeshe usiku, kwa kuwa malori yanayoharibika njiani hayana taa. Ondoka baada ya watoto kunywa chai. Mzee akae mbele, na neno la mzee la kusimama lisijadiliwe. Kila mtu ndani ya gari, hata mdogo, achague mahali pamoja pake, na wengine wavumilie: Mama yetu alichagua soko la Kikula, na huko alinunua samaki wakavu na kupata rafiki. Iache siku moja wazi kabisa, bila jina. Beba maji, karatasi za gari zilizokamilika na noti ndogo ndogo. Usipige picha migodini bila ruhusa, na maeneo yaliyofungwa yaache yalivyo. Ukifika katika mji wa mfalme kama Bunkeya, nenda kwanza ukasalimie kunakostahili kusalimiwa. Historia yake ina wenyewe.

Na kwa wanafunzi wenzangu na wahadhiri wetu nina ombi moja. Tunatumwa maktaba kutafuta msamiati, na ni vizuri. Lakini tungeweza pia kutumwa kwa wazazi wetu. Kila mwanafunzi anayerudi kutoka likizo alete maneno kumi aliyoyasikia kwa mzee wake na ambayo hakuyajua, na aandike yalisemwa wapi, na nani, akiwa anaonyesha nini kwa mkono. Mimi nilirudi na thelathini na manne kutoka chini ya mwembe mmoja. Kumi na moja kati yake sijayaona katika kamusi yoyote iliyoko katika maktaba yetu. Kazi yangu ya mwisho imebadilika sura, na msimamizi wangu hakulalamika.

Baba nilimwomba radhi. Alisema ameisahau maneno yale, ambalo ni jibu la baba na si la mtu aliyesahau.

Juzi nilimkuta Mama uani, anatwanga. Akaniuliza Bunkeya ni siku ngapi. Nikamwambia, kwa mwendo wetu, siku nne au tano. Akafikiri kidogo, akasema basi tuwahi kabla ya mvua. Hakuuliza nani amekufa.